Edson White na Meli ya Nyota ya Asubuhi

Soma kwa Ajili ya Somo Hili: Yona 4, Luka 10:25–37, Matendo 10, Waefeso 2:11–22, 1 Yohana 4:20, 21.

Wazo Kuu: Chuki kati ya watu haivunjwi na maneno yanayotamkwa kutoka mbali. Huvunjwa pale mtu anapokubali kuketi karibu na yule aliyefundishwa kumdharau, na anapokubali pia kubeba sehemu ya gharama ya ukaribu huo.

Mtoto wa Nyumba Inayojulikana

Waadventista wengi wanalifahamu jina la James Edson White kwa sababu ya wazazi wake, James na Ellen White, waliokuwa miongoni mwa waanzilishi wa Kanisa. Edson alizaliwa tarehe 28 Julai 1849 huko Rocky Hill, katika jimbo la Connecticut, Marekani. Wazazi wake walisafiri sana kwa ajili ya kazi ya Mungu, na mara nyingi walilazimika kumwacha mtoto mikononi mwa marafiki. Kaka yake Henry alipofariki mwaka 1863 akiwa na miaka 16, Edson alibaki kuwa mwana mkubwa wa nyumba hiyo.

Nyumba hiyo ilipinga utumwa waziwazi. Mwaka 1850 serikali ya Marekani ilipitisha sheria iliyowataka raia wasaidie kuwarudisha kwa mabwana wao watumwa waliotoroka. Mwaka 1859 Ellen White aliandika kwamba Mkristo hapaswi kuitii sheria hiyo, hata kama angeadhibiwa kwa kukataa. Edson alikua akiyasikia mambo hayo mezani kwao.

Lakini kusikia jambo jema nyumbani na kuliishi ni mambo mawili. Edson alijifunza kazi ya uchapaji mjini Battle Creek, Michigan. Alikuwa na mikono ya ufundi na akili nyepesi, ila hakuwa na nidhamu ya fedha. Mwaka 1870 alimwoa Emma McDearmon. Kwa miaka iliyofuata alianzisha biashara hii na ile, akaingia katika madeni, na mama yake akamwandikia barua nyingi za kumwonya. Mwaka 1893, akiwa Chicago na umri wake umepita miaka 40, alimwandikia mama yake, aliyekuwa akihudumu Australia, kwamba hakuwa tena na moyo wa dini.

Ellen White alimjibu kwa barua ndefu. Alimweleza ndoto aliyoiona, ya watu waliokuwa wakicheza ufuoni huku mkondo wa bahari ukiwavuta taratibu kwenda kwenye kina, na Edson alikuwa mmoja wao. Barua hiyo ilimchoma moyo. Katika mwaka huo huo Edson alimrudia Bwana, akaacha biashara ya Chicago na kurejea Battle Creek kujifunza Biblia, pamoja na rafiki yake Will Palmer. Alitaka kufanya kazi ya Mungu, lakini hakujua aende wapi.

Soma Luka 15:17–24. Mwana aliyerudi nyumbani alipokelewa kabla hajathibitisha lolote. Je, jambo hili linaweza kubadilishaje namna anavyowatazama watu ambao jamii imewaweka kando?

Hati Iliyowekwa Kando

Tarehe 21 Machi 1891, wakati wa mkutano wa Konferensi Kuu mjini Battle Creek, Ellen White alikuwa amesimama mbele ya viongozi wapatao 30 na kuwasomea ujumbe mzito. Aliwaambia kwamba Kanisa lilikuwa limewatendea dhambi watu weusi wa Kusini mwa Marekani kwa kuwasahau. Kristo aliwafia sawasawa na alivyowafia wazungu, na haki yao ya kuwa washiriki wa Kanisa haikuwa pungufu hata kidogo. Viongozi walisikiliza. Nakala zilitengenezwa. Baada ya hapo, ni machache sana yaliyofanyika, na mwishoni mwa mwaka huo mwandishi wa ujumbe huo alisafiri kwenda Australia.

Edson hakuusikia ujumbe huo kwa kiongozi yeyote. Habari zake alizipata kwa fundi wa kupaka rangi aliyekuwa kazini Battle Creek, ambaye alikumbuka kwamba kulikuwa na hati ya namna hiyo. Edson aliitafuta mpaka akaipata. Alipoisoma, alijua mahali pa kwenda.

Ni vema kukumbuka kwamba hakuwa wa kwanza. Charles Kinny, aliyezaliwa mtumwa katika jimbo la Virginia, alikuwa tayari akihubiri Kusini, na mwaka 1889 aliwekewa mikono kuwa mchungaji wa kwanza mweusi wa Kanisa la Waadventista Wasabato. Kinny alikuwa ameomba msaada kwa muda mrefu. Kazi haikukosa mlango. Ilikosa watu wa kuingia.

Nchi Yenye Ukuta

Utumwa ulikomeshwa Marekani mwaka 1865. Kabla ya hapo, majimbo mengi ya Kusini yalikuwa na sheria zilizokataza kumfundisha mtumwa kusoma. Basi uhuru ulipokuja, mamilioni ya watu walitoka utumwani bila ardhi, bila fedha na bila herufi.

Miaka 30 baadaye, bonde la mto Mississippi lilikuwa bado ni nchi ya pamba. Familia nyingi za weusi zililima mashamba ya wazungu kwa mpango wa kugawana mavuno. Mwenye shamba aliwapa ardhi, nyumbu na mbegu. Chakula na nguo walikopa dukani, na mara nyingi duka lilikuwa la mwenye shamba huyo huyo. Mavuno yalipopimwa, yeye ndiye aliyeshika daftari. Mkulima asiyejua kusoma hakuwa na njia ya kulikagua. Mwaka baada ya mwaka aliambiwa kwamba deni lake lingalipo.

Mwaka 1890 jimbo la Mississippi liliandika katiba mpya. Ilimtaka mpiga kura alipe kodi maalumu, kisha aweze kusoma kifungu cha katiba au kukieleza akisomewa. Maofisa wazungu ndio walioamua nani amefaulu. Kwa njia hiyo karibu weusi wote waliondolewa katika upigaji kura. Mwaka 1896 Mahakama Kuu ya nchi ilikubali kwamba wazungu na weusi waweza kutenganishwa kisheria katika mabehewa ya treni. Na pale ambapo sheria haikutosha, magenge ya usiku yalimalizia kazi kwa mijeledi, moto na kamba.

Katika nchi kama hiyo, kumfundisha mtu mweusi alfabeti halikuwa jambo dogo. Aliyejua kusoma angeweza kusoma Biblia. Angeweza pia kulisoma daftari la duka.

Meli

Edson na Palmer hawakuwa na fedha. Edson aliandika kitabu kidogo cha kufundishia kusoma, chenye alfabeti, maneno mepesi na visa vya Biblia, kiitwacho The Gospel Primer. Kitabu hicho kiliuzwa kwa Waadventista wa Kaskazini, na faida yake ikasaidia kugharimia kazi ya Kusini. Hivyo kitabu kimoja kilifanya kazi mbili: kilileta fedha na kilifundisha watu.

Mwaka 1894, huko Allegan, Michigan, walijenga meli ndogo ya mvuke yenye urefu wa futi 72. Waliiita Morning Star, yaani Nyota ya Asubuhi. Mitumbwi na meli zilifika mahali ambapo barabara hazikufika, na katika miji ambayo mzungu anayewafundisha weusi hakuwa na hakika ya kupata mwenye nyumba wa kumpokea, meli ingekuwa nyumba, ofisi na mahali pa kuchapia. Walivuka Ziwa Michigan, wakapita Chicago, wakashuka kwa mito hadi Mississippi. Januari 1895 walitia nanga Vicksburg.

Taa za Usiku

Walianza kwa kutembelea watu na kufundisha katika makanisa ya weusi yaliyokubali kuwapokea. Mafundisho ya Sabato yalipojulikana, milango mingine ilifungwa. Mwaka huo huo wa 1895 walijenga kanisa dogo la mbao Vicksburg, likatumika kwa ibada na kwa shule.

Shule ya usiku ndiyo iliyovuta watu wengi. Wanafunzi wake walikuwa wamefanya kazi mchana kutwa. Walikuja baada ya giza, wazee kwa watoto, na miongoni mwao walikuwamo watu waliozaliwa utumwani, wakashika kitabu kwa mara ya kwanza wakiwa na mvi kichwani. Mwalimu mzungu alikaa ubavuni mwa mwanafunzi mweusi, vichwa viwili vikiinamia ukurasa mmoja chini ya taa moja. Jamii nzima ya Kusini ilikuwa imepangwa ili jambo hilo lisitokee.

Kazi ilienea kufuata mto Yazoo. Edson na wenzake waliunda chama cha kazi hiyo, Southern Missionary Society, na shule ndogo zikafunguliwa mahali pengi. Mwaka 1898 Edson alianza kuchapa gazeti la The Gospel Herald ili kuwaeleza Waadventista hali halisi ya Kusini. Wakati wa njaa waligawa chakula na nguo. Waliwafundisha wakulima kupanda mazao mengine, kama karanga na maharage, ambayo yangeweza kuwapatia bei nzuri wao wenyewe.

Vikwazo havikutoka kwa maadui peke yao. Sehemu ya sadaka za Shule ya Sabato zilizokusanywa kwa ajili ya Kusini ilielekezwa kwenye mahitaji mengine, na Ellen White akawaandikia viongozi kuwakemea. Watu waliokuwa mbali na Mississippi, wasiomchukia mtu yeyote, waliichelewesha kazi kwa kuiona kuwa jambo linaloweza kusubiri.

Soma 1 Yohana 4:20, 21. Je, kumsahau ndugu kunatofautianaje na kumchukia? Kwa yule aliyesahauliwa, tofauti hiyo inaonekanaje?

Usiku wa Calmar

Calmar palikuwa mahali padogo katika nchi ya mto Yazoo, ambapo kazi hiyo ilikuwa na kanisa na shule. Usiku mmoja wa Mei 1899, karibu saa sita, kundi la wanaume wazungu wapatao 25 lilifika pale. Walimtoa mwalimu, mzungu aitwaye Stephenson. Waliingia kanisani, wakapora, wakachoma moto vitabu, ramani na chati za kufundishia.

Kisha wakawatafuta weusi. Ndugu Casey, aliyekuwa kiongozi wa kundi la waumini mahali hapo, alikuwa amekwisha kukimbia. Wakaenda nyumbani kwa Ndugu Olvin, wakamwita nje na kumpiga kwa mjeledi wa ngozi ya ng'ombe. Walimfyatulia risasi mke wake, ikampata mguuni, ingawa hakuumia vibaya.

Katikati ya kipigo hicho, mzungu mmoja aliyekuwapo aliwaamuru waache. Hawakumsikiliza. Akachomoa bastola, akatishia kumpiga risasi atakayeinua tena mjeledi. Wakaacha. Edson aliamini kwamba bila mtu huyo Olvin angeuawa. Jina lake halikuandikwa. Inawezekana kwamba wale aliowazuia walikuwa jirani zake, watu ambao angekutana nao tena asubuhi.

Stephenson alipelekwa kituo cha reli kilichokuwa karibu, akapandishwa treni na kufukuzwa. Kwenye kanisa walibandika tangazo la kumkataza Edson kurudi, na kuikataza Nyota ya Asubuhi kutia nanga popote kati ya Yazoo City na Vicksburg.

Edson alimwandikia mama yake akimweleza kisa hicho na sababu yake. Kwa maoni yake, kilichowakasirisha wale watu kilikuwa ni chakula kilichopewa wenye njaa, nguo zilizopewa walio uchi, na zile mbegu za karanga na maharage. Mtu mwenye chakula chake na mazao yake hakulazimika kukopa dukani kwa mwenye shamba. Chuki ya rangi ilikuwa na mizizi mirefu, lakini ilimwagiliwa maji na faida.

Nani Alilipa?

Tukio la Calmar linaacha swali ambalo kila mpenda amani lazima alijibu. Mzungu alipandishwa treni. Mweusi alipigwa mjeledi. Wote wawili walikuwa katika kazi moja, lakini adhabu hazikulingana. Stephenson alikuwa na mahali pengine pa kwenda. Olvin na mkewe nyumba yao ilikuwa pale pale.

Ellen White aliliona jambo hilo. Katika barua zake za miaka hiyo alishauri wafanyakazi wa Kusini waende kwa tahadhari na wasichochee hasira bila sababu, kwa kuwa uzito wa hasira hiyo ungewaangukia weusi. Alihimiza pia kwamba weusi wenyewe wafundishwe na kutumwa kuwahudumia watu wao. Mwaka 1908, hali ya Kusini ilipokuwa imezidi kuwa mbaya, alishauri wazungu na weusi waabudu katika majengo tofauti, akiweka wazi kwamba ulikuwa ni mpango wa wakati huo tu, hadi Mungu aonyeshe njia iliyo bora.

Kanisa halikuwa na haraka ya kuitafuta njia hiyo bora. Ushauri uliotolewa ili kuokoa maisha ya watu uligeuzwa na wengine kuwa kisingizio cha kuwabagua, hata mahali ambapo hapakuwa na genge wala mjeledi. Ukuta uliowekwa kwa hofu ulikuja kuzoeleka, na ulichukua vizazi kutikiswa. Historia hii haipaswi kufichwa. Nuhu, Daudi na Petro hawakufichiwa makosa yao katika Maandiko, na Kanisa halina sababu ya kutaka heshima kubwa kuliko yao.

Soma Wagalatia 2:11–14. Petro alijua ukweli tangu nyumbani kwa Kornelio. Ni nini kilichomfanya aondoke mezani? Hofu ya namna hiyo inaonekanaje kanisani leo?

Kilichobaki

Edson hakuacha kazi baada ya Calmar. Mwaka 1900 alihamishia makao yake Nashville, Tennessee, na uchapaji wake ukawa chanzo cha nyumba ya uchapishaji ya Southern Publishing Association, iliyoundwa mwaka 1901. Udhaifu wake wa zamani katika mambo ya fedha haukumwacha kabisa, na aliendelea kupokea barua za kuonywa. Mungu alimtumia akiwa bado anamtengeneza.

Shule zilizofuata nyayo za zile taa za usiku ziliongezeka katika majimbo ya Kusini. Huko Huntsville, Alabama, Kanisa lilikuwa limenunua shamba la ekari 360, ambalo zamani lililimwa na watumwa. Tarehe 16 Novemba 1896 shule ilifunguliwa hapo kwa wanafunzi 16. Shule hiyo leo ni Chuo Kikuu cha Oakwood, na imetoa wachungaji, walimu na madaktari kwa vizazi vingi.

Nyota ya Asubuhi ilimaliza siku zake karibu na Nashville, ambako iliteketea kwa moto. Boila yake iliokolewa na kupelekwa Oakwood. Chuma kilichokuwa kikichemsha maji ili meli iwafuate watu waliokatazwa kusoma, kikapewa kazi katika shule ya watoto na wajukuu wao.

Emma alifariki mwaka 1917. Edson alitumia miaka yake ya mwisho Michigan, akitengeneza picha za kuonyeshwa kwa taa katika mikutano ya injili. Alilala mautini Mei 1928, akiwa na umri wa miaka 78. Olvin na mkewe hawakuandikiwa kitabu, wala hakuna nyumba ya uchapishaji iliyojengwa kwa jitihada zao. Lakini siku ya ufufuo, Bwana atakapowaita watumishi wa Calmar ya kila nchi na kila kizazi, atawajua kwa majina, na alama za mjeledi hazitakuwapo tena mgongoni.

Maswali ya Kujadili

1. Ujumbe wa mwaka 1891 ulisikilizwa na viongozi wapatao 30, lakini aliyeuchukulia hatua alielekezwa na fundi wa rangi. Je, ni wito gani ambao kanisa lako limekwisha kuusikia, ukapokelewa vizuri, na kisha ukawekwa kando?

2. Wale waliovamia Calmar walikasirishwa na chakula, mbegu na alfabeti. Chunguzeni ubaguzi wa kabila, rangi au nchi unaojulikana katika jamii yenu. Nani anafaidika nao? Je, mahubiri peke yake yanaweza kuuondoa?

3. Mzungu mmoja asiyejulikana alisimama kinyume cha watu wake mwenyewe. Ni wapi Mkristo hujaribiwa kunyamaza kwa kuwa wanaotenda mabaya ni ndugu zake, kabila lake au kanisa lake? Linganisheni na Yona, aliyekasirika kwa sababu Mungu aliwahurumia adui za taifa lake.

4. Kanisa linapoamua kupatanisha watu wanaochukiana, lifanye nini ili gharama isiangukie upande ulio dhaifu peke yake?

5. Katika Shule ya Sabato yenu, nani huketi na nani? Kabla ya Sabato ijayo, kila mshiriki amchague mtu mmoja ambaye hajawahi kukaa naye, amtembelee nyumbani kwake, na kumsikiliza kabla ya kumfundisha.